Fedha ya Jikoni na Fedha ya Nyumbani

Dutwa ni mji mdogo kando ya njia itokayo Bariadi kwenda Lamadi, katika Mkoa wa Simiyu. Wenyeji wake wengi ni Wasukuma, nao hulima pamba, mtama, mahindi na viazi vitamu, na kufuga ng'ombe. Mahali kama hapo, penye njia na watu wapitao, hakosekani mwanamke auzaye chakula. Huamka kungali giza, akateka maji na kuwasha moto, hata jua lichomozapo chai iko tayari. Mchana hupika ugali na wali, maharagwe, mlenda, na samaki waliotoka Ziwa Viktoria. Watu humwita mama ntilie, maana mteja mwenye njaa humwambia, "Mama, nitilie," naye humtilia.

Wako watu waidharauo kazi hii. Husema ya kuwa kila mwanamke ajua kupika, basi kazi ya chungu haina elimu. Lakini kupika ni nusu tu ya kazi. Nusu ya pili ni hesabu, na hiyo ndiyo iliyo ngumu zaidi.

Mwanamke akitoka asubuhi na shilingi 20,000, akanunua unga, samaki, mafuta na kuni, na jioni akahesabu shilingi 28,000, je, zilizo zake ni ngapi? Wengi watajibu upesi, "28,000." Sivyo. Katika hizo, 20,000 ni fedha ya jikoni, nayo lazima irudi sokoni kesho. Fedha ya nyumbani ni 8,000 tu. Lakini usiku ule huenda mtoto akataka madaftari, au mgeni akabisha hodi, au jamaa akaugua. Mama akitoa 15,000, kesho ataingia sokoni na 13,000. Chungu kitakuwa kidogo, na wateja watakaokuja wamechelewa watakuta kitupu, kesho yake wende kwa mwingine. Tena wako wasemao, "Mama, niandikie, nitalipa pamba ikiuzwa." Akiwakatalia wote, ataitwa mchoyo, akiwakubali wote, atafunga duka. Hivyo biashara nyingi hufa, wala si kwa uvivu, bali kwa huruma isiyo na hesabu.

Jambo hili si la Dutwa peke yake. Huko Marekani, katika mji wa New Orleans, aliishi mwanamke jina lake Ruth Fertel, aliyezaliwa mwaka 1927. Alisoma kemia katika chuo kikuu, akafanya kazi katika maabara ya chuo cha udaktari kwa mshahara wa dola 4,800 kwa mwaka. Alikuwa ameachana na mumewe, naye alikuwa na wana wawili. Alipofikiri gharama ya kuwasomesha, aliona ya kuwa mshahara ule hautatosha. Mwaka 1965 akasoma katika gazeti ya kuwa mkahawa uitwao Chris Steak House unauzwa. Mwenye mkahawa, Chris Matulich, alikuwa amekwisha kuuuza mara kadhaa, na kila mara mnunuzi alishindwa, mkahawa ukamrudia. Ruth hakujua lolote juu ya kazi ile, na rafiki zake wakamwonya asithubutu. Hata hivyo akaiweka nyumba yake rehani.

Alikusudia kukopa dola 18,000, yaani bei ya mkahawa tu. Mtu wa benki akamwonyesha ya kuwa atahitaji 4,000 zaidi za kutengeneza mahali na kununua chakula, basi akakopa 22,000. Hapo alipata somo la kwanza: mwenye kununua chungu asiye na fedha ya kukijaza, amenunua udongo.

Siku ya kwanza aliuza vipande 35 vya nyama ya ng'ombe ya kuchoma, kila kimoja kwa dola 5. Mwili wake ulikuwa mdogo, lakini alijifundisha kuyakata mapande makubwa ya nyama kwa msumeno wa mkono, mpaka alipopata fedha za kununua msumeno wa umeme. Akawaajiri wanawake wengi waliolea watoto peke yao, kwa kuwa aliwaona ni watu wa bidii na wa kutegemewa.

Miezi michache tu baadaye, Septemba 1965, tufani iliyoitwa Betsy iliupiga mji, umeme ukakatika. Nyama iliyowekwa katika chumba cha baridi ikawa karibu kuoza. Jiko lake lilitumia gesi. Basi akaipika yote, akawagawia bure watu waliopatwa na maafa. Huruma hiyo haikuharibu hesabu yake. Nyama ile haikuweza kuuzwa tena, bali iliweza kuwashibisha wenye njaa.

Mwaka 1976 moto uliuteketeza mkahawa. Ruth alikuwa na jengo la pili karibu na hapo, na kabla siku saba hazijapita akafungua tena. Kwa kuwa mapatano ya ununuzi hayakumruhusu kulitumia jina la Chris mahali pengine, akaliongeza jina lake mbele, ukaitwa Ruth's Chris Steak House. Baadaye watu wengine wakaomba kufungua mikahawa chini ya jina hilo. Alipofariki mwaka 2002, ilikuwa imezidi 80.

Mtu aweza kusema, "Ruth alikuwa na nyumba ya kuweka rehani, mama wa Dutwa ana nini?" Swali hili ni la haki. Wanawake wengi wa vijijini hawana hati ya nyumba wala ya shamba kwa jina lao. Kwa sababu hiyo wengi huungana katika vikundi vya kuweka na kukopa. Kila mmoja hutoa kidogo, na kwa zamu hukopeshwa. Tena, kwa sheria ya mwaka 2018, kila halmashauri hutakiwa kutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa mikopo isiyo na riba, na katika hiyo asilimia 4 ni ya vikundi vya wanawake. Lakini mkopo huo nao ni fedha ya jikoni. Ukiliwa nyumbani, deni hubaki, na chungu hakipo.

Wahenga walisema, "Mali bila daftari hupotea bila habari." Daftari la mama ntilie si lazima liwe kubwa. Kurasa mbili zatosha: moja ya fedha ya jikoni, na moja ya fedha ya nyumbani, na chini yake majina ya wenye kudaiwa. Mtoto wa shule aliyekwisha kujua kujumlisha na kutoa aweza kumwandikia mama yake kila jioni. Akifanya hivyo, atakuwa ameanza kurudisha ada aliyolipiwa kwa sahani za ugali.