Mmasai Kwenye Video, na Mimi Wa Lemara

Aisee, form one nilikuwa naficha masikio. Yametogwa na kuvutwa, nyumbani ni urembo, lakini darasani wakanibatiza "mlinzi". Nikitoka shule tu, marvin kichwani, hata jua la saa saba sivui.

Siku moja tuko kibanda umiza pale Lemara, wakatokea X Plastaz, machalii wa hapahapa Arusha, wale waliotoa albamu ya Maasai Hip Hop mwaka 2004. Katikati ya marapa kasimama Mmasai na lubega yake, anaimba kimila, na hakuna anayecheka!

Nikageuka. Yule aliyeniita "mlinzi" anatikisa kichwa, anafuatisha.

Sikusema kitu. Nikavua marvin. Akaniangalia masikio, akasogea kwenye benchi, nikakaa.

Wewe ulijiona kwenye video gani?