Uji na Sataranji

Hapa Katonga baadhi yetu tunauliza: watoto wanaofuata uji shule ya Jumapili wanamtafuta Mungu, au wanatafuta kushiba tu? Swali hili hutuelemea hasa siku za mbalamwezi, mitumbwi inapolala mwaloni na dagaa kuadimika.

Tumkumbuke Phiona Mutesi wa Katwe, Kampala. Mwaka 2005 alimfuata kaka yake hadi kwenye huduma ya Kikristo ambako Robert Katende alifundisha watoto sataranji. Uji ndio uliomvuta. Mwaka 2010 aliiwakilisha Uganda katika Olimpiadi ya sataranji nchini Urusi. Na 2012, kwa matokeo ya Istanbul, akapata ngazi ya kwanza ya umahiri wa kimataifa kwa wanawake.

Katika Yohana sura ya 6, Bwana alijua kwamba umati ulifuata mikate. Hata hivyo aliwalisha kwanza, ndipo akawafundisha habari za mkate wa uzima. Basi tusiinjike sufuria kwa manung'uniko. Kwenye sataranji, kete iliyo ndogo kuliko zote ikivuka ubao hadi mwisho, huweza kuwa malkia. Sisi tukoroge uji, tufundishe. Kukuza ni kwa Mungu.