Gito wetu

Vijana wa zoni yetu hubishana kama Burundi iliwahi kuwa na filamu yake yenyewe. Ilikuwa nayo, tena ya kuchekesha. Léonce Ngabo, ambaye wazee wetu walimjua kwanza kama mwimbaji, aliitoa mwaka 1992. Inaitwa Gito l'ingrat, yaani Gito asiye na shukrani, na ndiyo filamu ndefu ya kwanza ya hadithi kutengenezwa na Mrundi.

Mie niliiona Rumonge, kwenye banda la video ambalo siku zote lilionyesha karate na za Kihindi. Mwenye banda alikuwa akitutafsiria Kifaransa, na pengine akiongeza chumvi yake. Gito anarudi kutoka Paris na diploma, kichwani ameshakuwa waziri. Uwaziri hauji. Kule Ufaransa ameacha mpenzi, huku nyumbani anamrudia Flora wa zamani. Basi yule Mfaransa naye akashuka Bujumbura, na wanawake wale wawili, badala ya kugombana, wakaelewana wamkomeshe. Tulicheka mpaka mama mmoja muuza mawese akapiga kelele, "Huyu namjua, anakaa mtaani kwetu!"

Mwanzoni mwa 1993 filamu hiyo ilipata tuzo ya Oumarou Ganda kwenye tamasha la FESPACO, Ouagadougou. Tarehe 21 Oktoba mwaka huohuo Rais Ndadaye akauawa, vita vikaingia. Nani tena angetoa pesa za filamu ya kuchekesha? Wapo wanaosema kazi ya Ngabo ilikatikia hapo. Siwakubalii. Mwaka 2009 lilianza tamasha la filamu la Bujumbura, FESTICAB, yeye akiwa mbele, na vijana wa Burundi wakapata mahali pa kuonyesha kazi zao. Kwangu hiyo ni kazi ileile, ila kamera ameishika mwingine.

Nimemkumbuka kwa sababu hapa Nyarugusu kamera huja mara kwa mara. Hututaka kwenye foleni ya mgawo, au tukisimulia 2015: Kagunga, watu maelfu ufukweni, kipindupindu, meli ya Liemba kutupeleka Kigoma. Yote ni kweli, na mie nimeshayasimulia mara mbili. Lakini jirani yangu anayevaa tai kwenda bombani, anayetuambia Rumonge nzima ilimpigia saluti, huyo hajaulizwa na mtu. Ngabo asingempita. Ndugu zetu wa mashirika, msikasirike, mnatuonyesha tukilia tu, na mtu anayelia tu hana jina. Gito ana jina. Ni mwongo, ana majivuno, na ni wetu.

Kijana mmoja wa hapa ameanza kumrekodi yule mzee wa tai kwa simu. Ana dakika saba tayari. Mzee amekubali, kwa sharti kwamba kwenye filamu aitwe Mheshimiwa. Kinachosumbua sasa ni chaji.