Mwajuma Alikuwa na Chumba

Ukisoma Vuta n'kuvute ya Shafi Adam Shafi pamoja na watu zaidi ya watano, kundi litagawanyika kabla chai haijapoa. Kuna timu Denge na kuna timu Bukheti. Timu Denge husema mapenzi ya kweli ni ya kijana anayewindwa na serikali ya kikoloni, ambaye kila akiaga hujui kama atarudi. Timu Bukheti hujibu kwamba mwanaharakati haachi hela ya sukari, na kwamba huwezi kujenga nyumba na mtu ambaye leo yuko jela na kesho yuko ughaibuni. Raza hana timu. Raza ni yule mume wa kwanza, mwenye duka, mtu wa miaka 52 aliyeozwa Yasmin wa miaka 15, na hata wabishi wa darasa letu hawajawahi kumsimamia.

Mimi nilikuwa timu Denge tangu tulipokisoma kitabu hiki kwa ajili ya mtihani wa kidato cha sita. Sasa ninasoma shahada ya uzamili Mlimani, nimepanga Mbagala, na safari ya daladala mbili kwenda na mbili kurudi imenipa muda mwingi wa kusoma hadithi za watu watatu wanaopendana kwa shida. Nimesoma Othello na Anna Karenina, nimerudia Kiu na Rosa Mistika. Kadiri ninavyosoma, ndivyo ninavyoona kwamba lile swali letu la kura, achague nani, linamruka mtu mmoja muhimu.

Semina zetu zinapenda kuchora. Mwalimu huweka majina matatu ubaoni, huunganisha kwa mishale, na hapo tumepata pembetatu ya mapenzi. Mfaransa René Girard, katika kitabu chake cha 1961, alisema hatutamani kitu moja kwa moja, tunakitamani kwa sababu kuna mwingine tunayemwona anakitamani. Ni nadharia nzuri. Inaeleza kwa nini mtu humkumbuka mpenzi wake wa zamani siku anapomwona kwenye status akiwa na mwingine. Mwaka 1985 Mmarekani Eve Kosofsky Sedgwick akaichukua pembetatu hiyo na kuuliza mwanamke yuko wapi ndani yake. Mara nyingi, alionyesha, mwanamke ni daraja tu, wanaume wawili wanapita juu yake kushughulikia mambo yao wenyewe.

Lakini mchoro unaonisumbua zaidi ni wa Kiu, riwaya ya Mohamed Suleiman Mohamed iliyotoka mwaka 1972. Mzee tajiri, Mwinyi, ana kiu ya Bahati. Bahati ana kiu ya Idi. Mshale wa Idi sasa, uuelekeze wapi? Haurudi kwa Bahati. Unakwenda kwenye fedha za Mwinyi. Ukimaliza kuchora unagundua kwamba pembe moja haina moyo wa mtu, ina pochi. Shakespeare naye alilijua hilo. Katika mchezo ambao Mwalimu Nyerere aliutafsiri na kuuita Mabepari wa Venisi, uliochapishwa mwaka 1969, Bassanio anampenda Portia ila hana nauli ya mapenzi, ndipo rafiki yake Antonio anapokopa kwa dhamana ya ratili ya nyama ya mwili wake. Yeyote aliyewahi kupelekewa kadi tatu za mchango wa harusi ndani ya mwezi mmoja hahitaji kuelezwa tatizo la Bassanio.

Haya yote niliyajua kama nadharia. Niliyaelewa uani kwetu.

Nyumba ninayoishi ina vyumba sita, choo kimoja cha nje na luku moja inayogombaniwa. Chumba kilichopakana na changu alikaa binti msusi, mdogo wangu kwa miaka mitatu. Kodi yake ililipwa miezi sita sita na mtu mzima wa Kinondoni, mwenye mke na watoto hukohuko Kinondoni, aliyekuja Jumanne na Ijumaa na mfuko wa matunda. Kijana aliyempenda yeye alikuwa fundi wa kuchomelea mageti kando ya Barabara ya Kilwa. Nyumba nzima ilijua, na nyumba nzima, kama darasa langu, ilikuwa na timu. Mama wa chumba cha mbele alikuwa upande wa mzee. "Mapenzi hayanunui umeme," alikuwa akisema huku anachambua mchicha. Vijana wa vyumba vya nyuma walikuwa upande wa fundi. Kila mtu alimwambia binti neno lilelile: chagua mmoja.

Ijumaa moja mzee alikuja bila matunda. Alikuja na kufuli. Hakumpiga mtu wala hakutukana. Alisubiri binti aingie kuoga, akafunga mlango, akatia ufunguo mfukoni, akamweleza mama mwenye nyumba kwa adabu kabisa kwamba mkataba una jina lake, na chumba ni chake mpaka mwezi wa tisa. Binti alitoka bafuni akiwa na kanga mbili, ndoo na kipande cha sabuni.

Fundi alifika jioni, jasho linamtiririka. Alikuwa akiishi Kongowe, chumba kimoja na kaka zake wawili. Kwamba anampenda, sikuwa na shaka nilipomwona amesimama mbele ya lile kufuli, ambalo kwa vifaa vyake angelikata kwa dakika moja. Lakini kulikata ni kesi, na baada ya kesi wangelala wapi? Akakaa kwenye ngazi mpaka usiku, akaondoka na daladala ya mwisho.

Watu wazima wa mtaa waliitwa. Mmoja akakumbusha kwamba Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inawadhania mume na mke watu walioishi pamoja miaka miwili na kujulikana hivyo, kwa hiyo binti anaweza kudai kitu. Mwingine akamjibu kwamba hawa hawakuishi pamoja, mzee alikuwa anakuja na kuondoka. Ilikuwa kweli. Sheria iliangalia kile chumba, ikaona mpangaji na mgeni wa Jumanne na Ijumaa.

Binti alilala kwangu. Hatukusema ni kwa siku ngapi. Zikawa wiki saba.

Usiku wa kwanza, yeye amelala na mimi ninajaribu kusoma kwa mwanga wa simu, ndipo Mwajuma aliponijia. Kama umeisahau riwaya, nikukumbushe. Yasmin anapomkimbia Raza na kurudi Unguja, mamaye anamfukuza na mjomba wake naye hamtaki. Aibu imeshaingia kwenye ukoo. Anayempokea ni Mwajuma, mwanamke wa Ng'ambo, asiye ndugu wala kabila lake, mwenye chumba cha kawaida na moyo wa kufanya shughuli. Ni kwa Mwajuma ndipo Yasmin anapokutana na Denge. Ondoa kile chumba, na hakuna Denge wala Bukheti, hakuna timu mbili za kubishana. Kuna binti anayerudishwa dukani kwa Raza. Miaka yote hiyo nimepiga kura juu ya wanaume wawili, na aliyewezesha kura yenyewe sikumhesabu. Kwenye majibu ya mtihani tulimwandika mstari mmoja: Mwajuma, rafiki wa Yasmin, mwenye huruma.

Nikaanza kumtafuta Mwajuma kwenye vitabu vingine, na hesabu ikawa ya kutisha. Rosa wa Rosa Mistika, riwaya ya Kezilahabi ya 1971, anapigwa na baba yake kwa sababu ya barua ya mvulana, anatumiwa na wanaume njiani, na mchumba anapomwacha kwa kugundua kwamba si bikira, hana mlango wa kugonga. Anajiua. Anna Karenina anamwacha mume wake, Karenin, na kumfuata Vronsky. Vronsky anaendelea kualikwa majumbani kwa watu, Anna anatukanwa hadharani kwenye ukumbi wa opera. Milango ya mji inamfungwa yeye peke yake, na mwisho wake tunaujua. Katika Othello kuna mtu ambaye angeweza kuwa Mwajuma. Emilia ndiye anayejua leso ilipitia mikono ya nani, lakini anasema Desdemona akiwa tayari amekufa, na kwa kusema kwake anachomwa na mumewe.

Sisemi rafiki anatibu kila kitu. Ninachosema ni kwamba waandishi hawa, wa Zanzibar, Ukerewe, Urusi na Uingereza, walituonyesha kwamba mwanamke hachagui kati ya wawili mpaka awe na pahala pa tatu pa kusimama. Vinginevyo tunachokiita kuchagua ni kuhama tu kutoka kwa mwenye ufunguo mmoja kwenda kwa mwenye ufunguo mwingine. Na Yasmin hakuanza hata na hilo, aliozwa akiwa na miaka 15. Tusidhani ni habari ya Zanzibar ya ukoloni tu. Ni Sheria ya Ndoa hiyohiyo ya 1971 iliyoruhusu binti wa umri huo kuolewa kwa ridhaa ya mzazi, mpaka shauri la Rebeca Gyumi lilipofika Mahakama Kuu, ambayo mwaka 2016 ilisema vifungu hivyo vinakwenda kinyume na Katiba. Mahakama ya Rufani ikakubaliana nayo mwaka 2019. Mshale wa Raza ulichorwa na watu wazima, wakiwa wameketi kitako.

Zile wiki saba zilinifundisha pia kwa nini kina Mwajuma ni wachache. Mama mwenye nyumba alinisimamisha kisimani. "Mwanangu, chumba umepanga peke yako. Maji ya mtu wa pili utalipia. Na nyumba yangu sitaki isemwe." Mama yangu mzazi, ambaye habari zilimfikia kabla sijampigia, alisema usijitie kwenye mambo ya watu, utahesabiwa na wewe ni walewale. Rafiki zangu wa chuo waliacha kuja kusoma kwangu. Tulikuwa tunalala kwenye kitanda cha futi tatu na nusu, mzungu wa nne, na sura yangu ya pili ilichelewa mwezi mzima. Shafi hakuandika kurasa nyingi kuhusu Mwajuma alivyokuwa akilipa maji ya Yasmin, lakini sasa ninajua yalilipwa.

Kilichomtoa binti chumbani kwangu hakikuwa mwanamume. Alikuwa anacheza mchezo na wasusi wenzake, na mwezi wa nane zamu yake ya kupokea ikafika. Akapata chumba Chamazi, kidogo kuliko cha zamani, mwenye nyumba akakubali miezi mitatu. Tulikwenda kuandikishiana pamoja. Alipofika penye jina la mpangaji aliandika polepole, herufi kubwa, kisha akaomba picha ya mkataba ipigwe na simu yangu, kwa sababu yake ina kioo kilichopasuka.

Sura yangu ya pili sasa inamhusu Mwajuma. Msimamizi ameandika pembeni kwa kalamu nyekundu: "Huyu ni mhusika mdogo, je, utapata kurasa arobaini?" Nimefika ya thelathini na mbili.

Nyumbani Mbagala bado wananiuliza, hasa yule mama wa chumba cha mbele, hatimaye alimchagua nani. Ninachojua ni kwamba mzee hajui Chamazi ni wapi. Fundi huenda Jumapili. Husimama nje, hubisha hodi, na zipo Jumapili ambazo huambiwa rudi kesho, leo nimechoka.