Viumbe Wanaosema kwa Nuru

Msomaji wangu, huenda nawe umewahi kupewa insha ya kubuni, ukaambiwa uandike habari za viumbe wa sayari nyingine. Mimi ni mwalimu katika mitaa ya Eastlands, Nairobi, na insha za namna hiyo nimezisoma nyingi. Waandishi wengi huwapa viumbe wao macho matatu na chombo cha kurukia, basi. Lakini msichana mmoja, mkaazi wa Dandora, aliandika habari za taifa lisilo na sauti. Watu wake waling'aa matumboni. Walisalimiana, wakaposana na kudanganyana kwa nuru tu. Nilimpa alama nzuri, kisha nikaandika chini kwa wino mwekundu: "Viumbe hawa wapo duniani."

Nilikuwa na maana ya kimulimuli, ambaye wengine humwita kimetameta. Huyu si nzi, ni mbawakawa, na aina zake ulimwenguni zapita 2,000. Taa yake imo katika pingili za mwisho za tumbo. Humo mna kitu kiitwacho lusiferini. Oksijeni ikikutana nacho, na kimeng'enya kiitwacho lusiferasi kikasimamia kazi, nuru hutoka. Sogeza kidole kwenye globu ya umeme ya zamani na utaungua, kwa sababu sehemu kubwa ya nguvu yake hupotea kuwa joto. Mtie kimulimuli kiganjani, nawe hutahisi joto lolote.

Mwaka 1947 William McElroy, wa Chuo Kikuu cha Johns Hopkins huko Marekani, alitambua kwamba nuru hiyo haitoki bila ya ATP, kemikali inayobeba nguvu katika kila kiumbe hai, awe mtu au mgomba. Kwa uchunguzi wake alihitaji vimulimuli maelfu kwa maelfu, basi akawalipa watoto wa mji wa Baltimore senti 25 kwa kila mia. (Watoto wa Dandora, niwajuavyo mimi, wangedai zaidi.) Leo viwanda vya vyakula hutumia siri hiyohiyo kupima usafi. Mpimaji hupangusa mashine kwa pamba, akaitia pamba ile lusiferini na lusiferasi. Ikiwa mabaki ya chakula au vijidudu yamesalia, pamba hutoa nuru, na chombo hupima kiasi chake.

Lakini ni mazungumzo yao yanayonishangaza zaidi. Katika aina nyingi dume huruka gizani akimweka kwa mpigo wa kabila lake: wengine mara moja kwa kishindo, wengine kwa mfululizo wa haraka. Jike hukaa majanini akitazama. Akipendezwa, hungoja muda maalumu, kisha hujibu kwa mwako mmoja. Jibu likija mapema au likichelewa, dume hujua kwamba huyo si wa kwao, akapita. Hata udanganyifu wa insha ya yule msichana upo. Mwaka 1965 mtaalamu James Lloyd alieleza habari za jike mmoja wa Amerika ya Kaskazini ambaye huiga jibu la kabila jingine. Dume mgeni hushuka kwa furaha ya mchumba, akaliwa.

Maisha ya mkubwa ni mafupi, aghalabu majuma machache. Utoto ndio mrefu. Buu la kimulimuli hukaa miezi mingi katika udongo wenye unyevu, likiwinda konokono na koa na kuwatia sumu ya kuwalegeza. Buu nalo hung'aa, ingawa halina mchumba wa kumwita: hiyo ni onyo kwa maadui kwamba nyama yake ni chungu.

Sasa fikiri mji wetu ulisimama wapi. Jina la Nairobi latokana na maneno ya Kimaasai yenye maana ya maji baridi, na reli ilipofika mwaka 1899 ilikuta kinamasi. Mahali pa namna hiyo, penye maji, majani, konokono na giza, ndipo kimulimuli apapendapo. Tangu hapo tumekausha, tumejenga, tumemwaga taka mtoni. Walakini ng'ambo ya nyumba za Dandora, penye vipande vya nduma kando ya Mto Nairobi, nimewaona baada ya mvua za masika, wachache, wakimweka chini chini.

Adui yao mwingine sina moyo wa kumlaumu. Ni zile taa za nguzo ndefu ambazo watu wa Eastlands wameziita "mulika mwizi". Neno mulika, utaona, limo katika jina la mdudu mwenyewe. Dada yangu hufanya kazi ya zamu katika Eneo la Viwandani, hurudi Jericho usiku, na bila ya taa hizo nisingelala mpaka nisikie mlango. Lakini chini ya mwanga ule mwako wa dume hauonekani, na wataalamu wamepima wakaona kwamba penye taa vimulimuli humweka kidogo na kupandana kidogo. Sisemi taa zizimwe. Nasema kofia ya bati juu ya taa ingeuelekeza mwanga kwenye njia, apitapo dada yangu, na kuuacha mto katika giza lake. Mbona tumulike maji ambayo hakuna apitaye?

Ukitaka kuwaona, chagua jioni isiyo na upepo, siku chache baada ya mvua, yapata saa moja na nusu. Nenda pamoja na mtu mzima, wala usikaribie maji yale machafu. Zima tochi ya simu, kisha ungoje macho yazoee giza, robo saa nzima. Ukiona mwako unaoruka juu, usiufuate. Tazama majani yaliyo chini yake, uanze kuhesabu polepole: moja, mbili.