Tunataka Jibu, Liwe Lolote

Jumamosi, 8 Februari 2025
Kijana wa jirani kaja baada ya Isha na bahasha yake. Ombi la kitambulisho cha Mzanzibari Mkaazi limelala afisini tangu mwaka juzi. Hakukubaliwa, hakukataliwa, huambiwa tu "rudi wiki ijayo". Kurudi ni kuvuka maji, kupanda gari, kupoteza siku ya bahari. Afisa mmoja kamwambia kwa mdomo kwamba yeye hakai hapa kisiwani Kojani kwa kuwa kila mara yuko dago, kambi ya uvuvi ya mbali. Nani hapa hajapata kwenda dago? Kazaliwa hapa, mke na watoto wapo hapa, na mvuvi hufuata samaki. Kama dago ndiyo sababu, basi waiandike tupate kuijibu.

Jumanne, 11 Februari
Chake Chake, kwa mwanasheria. Kanieleza ile amri ya Mahakama Kuu ya kumlazimisha mtumishi wa umma atimize wajibu wake, wanayoiita mandamasi. Kanitolea kesi ya John Mwombeki Byombalirwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa wa Kagera, iliyomo katika taarifa za hukumu za mwaka 1986, ambayo mahakama bado huirejea. Masharti yake: uwe umedai haki yako na ukanyimwa; wajibu uwe umewekwa na sheria, si hiari ya afisa; jambo liwe linakugusa wewe; na pasiwe na njia nyingine ya kufaa. Bara kuna pia kuomba ruhusa kwanza, ndani ya miezi 6.

Sharti la kwanza ndilo linalotuumiza watu wa visiwani. Tunadai kwa mdomo, tunajibiwa kwa mdomo, na mbele ya jaji mdomo hauna tarehe.

Tena jaji hataamuru kijana apewe kitambulisho pale penye jambo la kupimwa na afisa. Ataamuru ombi liamuliwe. Wapo watakaoona hilo ni dogo. Mimi naona ni kubwa mno: aliyekataliwa kwa maandishi ana cha kukatia rufaa, aliyenyamaziwa hana kitu.

Alhamisi, 20 Februari
Barua imepelekwa: tarehe ya ombi, nambari ya risiti, na swali moja, lini litaamuliwa? Karani hakutaka kugonga muhuri kwenye nakala yetu. Tulikaa kwa adabu mpaka akagonga.

Usiku nimewafikiria jamaa zetu wa Kwale na Kilifi. Wazee wao walitoka Pemba kwa uvuvi wakabaki, na wajukuu wakaishi miaka na miaka bila uraia wa nchi yoyote, hadi Kenya ilipowatambua mwaka 2023. Ibara ya 47 ya Katiba ya Kenya ya 2010 inampa kila mtu haki ya kushughulikiwa na serikali kwa haraka na kwa haki, na kupewa sababu kwa maandishi akiathiriwa. Natamani maneno hayo yabandikwe katika kila afisi ya sheha.

Jumatano, 5 Machi
Kimya bado. Baada ya futari mzee mmoja kaniambia, "Mwalimu, usimtie mtoto wa watu kwenye kesi na serikali." Simlaumu. Pemba haijasahau Januari 2001, waandamanaji walipopigwa risasi, na kitambulisho hiki kimefungamana na kura: bila hicho huandikishwi, na uchaguzi ni mwaka huu. Nimemjibu kwamba hatumshitaki mtu kwa uadui, na chama cha kijana sikukiuliza wala sitakiuliza. Kafikiri, kisha kasema mwanawe naye anangoja cheti cha kuzaliwa. Nimemwambia alete risiti.

Barua ya pili iko tayari. Inatoa siku 14. Zikipita bila jibu, tunafungua maombi Mahakama Kuu, Chake Chake.