Nani Amesajiliwa?

Mimi ni wakili wa kodi mjini Kampala. Wateja wangu hufanya biashara hadi Tanzania, ambako mwaka 2021 Kiswahili kilifanywa kuwa lugha ya sheria. Kwa hiyo naithamini mno sarufi sahihi. Chukua mfano huu: "gari la mfanyabiashara lililosajiliwa lisitozwe ushuru" na "gari la mfanyabiashara aliyesajiliwa lisitozwe ushuru". Katika kauli ya kwanza limesajiliwa gari. Katika ya pili amesajiliwa mwenye gari. Anayevichanganya viambishi hivyo huenda akamtoza mtu kodi asiyodaiwa. Basi unapojifunza ngeli, usidhani unakariri orodha tu. Unajifunza kumtambua anayedaiwa na anayesamehewa.